Luntian ya Aling Choleng

Kijiwe chetu kiko mbele ya duka la Aling Diving (Aling huku ni kama kusema Mama), hapa mjini Lipa, kwenye kona ambayo maji ya mvua yakifika husimama yakajiuliza yaende wapi. Benchi ni ubao wa mnazi uliolazwa juu ya matofali, umeng'arishwa na makalio ya watu wasio na haraka. Duka lina nondo mbele kama mahabusu, na Aling Diving hutupitishia vikombe katikati ya nondo, kwa hiyo mpita njia hawezi kujua nani kafungwa, yeye au sisi. Kahawa yake ni barako, nyeusi tii, chungu, kahawa ya kumwamsha marehemu aje amalizie ugomvi wake. Ng'ambo ya barabara tunatazamana na nyumba ya Kapitan: mlango mmoja, dirisha moja, na kiwanja cha zege ambapo Turbo huegesha pikipiki yake ya kibehewa. Turbo anaitwa hivyo kwa sababu hata jeneza humpita njiani. Jaji ni mgambo wa mtaa, ana rungu, filimbi na methali. Methali zake nimezivika nguo za kwetu ili mzielewe, ila kuzipeleka zisikohusika ni kazi yake mwenyewe. Chona ana saluni, alibatizwa Rodolfo na hapendi kukumbushwa. Kapitan, jina lake la kanisani Eleuterio, nyumbani Teroy, hakuwahi kuwa nahodha wa hata mtumbwi; alikuwa fundi wa injini melini, na cheo tulimpa sisi siku alipostaafu. Mimi wananiita Tanga. Nilipokuja kuoa hapa nilifanya kosa la kutaja nilikotoka, na kwa Kitagalogi, lugha ya huku, tanga ni bwege. Nimezeeka nikiitika.

Undas ilikuwa imekaribia, siku ya kwenda kushinda makaburini na wafu wetu, na mtaa mzima ulinuka tapentaini maana kila mtu alikuwa anapaka rangi kaburi la mtu wake. Kapitan alivuka barabara amekumbatia ubao kifuani. Juu yake kulikuwa na mistari ya rangi, yote kijani, haijakauka vizuri. Akauweka benchini katikati yetu, na Chona akasogeza sketi yake haraka.

Turbo alikuwa anakula wali alioumwagia kahawa, chakula chake cha asubuhi tangu anyonyeshwe.

Turbo: Kapitan, unafungua duka la rangi?

Kapitan: Nisaidieni. Hapa ipi ni luntian?

Jaji: Zote.

Kapitan: Zote haiwezekani, Jaji. Nataka moja.

Niseme kidogo hapa. Kijani kwetu ni berde. Shati ni la berde, embe bichi ni berde, taa ya barabarani ikiruhusu ni berde. Luntian nayo ni kijani, kila aliyepita shule analijua neno, lakini huwezi kulisikia sokoni hata siku moja. Ni neno la kutolewa siku ya mgeni, kama zile sahani za kabatini. Ukilisema kijiweni watu wanageuka kuangalia kama umevaa tai.

Chona: Luntian? Kapitan, umekuwa mwalimu sasa?

Kapitan: Si mimi. Ni Choleng.

Aling Choleng alikuwa mkewe, na tulimzika mvua zilipoanza.

Kapitan: Ilikuwa siku zile za mwisho. Akaniambia, "Teroy, kaburi langu ulipake luntian." Nikamwambia sawa, berde. Akasema, "Si berde. Luntian."

Aling Diving alisogea kwenye nondo.

Aling Diving: Nawe ukasema nini?

Kapitan: Nikasema sawa.

Aling Diving: Halafu?

Kapitan: Halafu basi. Nilidhani nitamuuliza kesho yake. Kesho yake hakuwa na pumzi ya maneno.

Turbo: Si ungemuuliza binti yako? Wanawake wanajua rangi.

Kapitan: Nilimpigia simu Dubai. Akasema, "Baba, paka nyeupe tu, nyeupe ni nzuri." Mwanangu wa kiume naye akasema mwulize dada. Na pale dukani kijana alinicheka, akasema luntian haimo kwenye makopo. Akanichotea hizi, hii ya limau, hii ya chupa, hii ya jeshi, hii ya hospitali. Nimezitazama usiku kucha. Wenzangu, nikikosea hii sina wa kumwomba radhi.

Alisema hivyo bila kuinua macho, na kama kijiwe kingekuwa na adabu tungekaa kimya naye. Lakini kijiwe chetu hakijui kukaa na huzuni ya mtu. Tukiiona tunaitupia maneno, kama watu wanaotupia mawe nyoka.

Jaji: Sikilizeni, hili ni suala la kisheria. Luntian ni kijani cha serikali. Berde ni kijani cha raia. Mtu akifa anatoka kwenye uraia, anaingia kwenye kumbukumbu, kwa hiyo anastahili luntian. Ndiyo maana wahenga walisema, mtaka cha uvunguni sharti ainame.

Turbo: Hapo uvungu unaingiaje?

Jaji: Serikali ndiyo iko uvunguni.

Turbo: Hata mimi nimewahi kuitafuta huko, sijaiona.

Chona: Jaji, kaa chini. Mpenzi wangu Kapitan, sikiliza mtu anayefanya kazi na rangi. Mimi nimepaka rangi vichwa vya mtaa huu wote, na cha padri nisiseme. Choleng hakukataa kijani. Alikataa neno. Hebu fikiri, berde ni nini? Mzee anayechungulia wasichana wakioga, tunasema huyo ni berde. Utani wa matusi ni utani wa berde. Na mimi hapa, nikipita, wanasema damu yangu ni berde, eti mwanamume nusu.

Turbo: Wanasema ukishapita, dada. Tunakuheshimu.

Chona: Nyamaza ule wali wako. Sasa Choleng mwanamke wa rozari, kweli akubali kulala milele chini ya utani wa matusi? Luntian haijawahi kumtukana mtu. Ndicho alichokuwa anasema. Basi paka yoyote hapo, ila ukiitaja, itaje kwa jina zuri.

Kapitan alifikiri sana juu ya hilo. Niliona linamvutia, maana lingemruhusu kukosea.

Kapitan: Lakini Choleng alikuwa anacheka utani wa matusi, Chona. Kwenye simu alikuwa ananisimulia wa kwako.

Chona: Alikuwa anakusimulia wa kwangu?

Kapitan: Kila Jumapili.

Chona alitoa kioo chake kidogo akajitazama, akakirudisha.

Turbo: Mnazunguka tu. Luntian ni mguu wa jogoo.

Jaji: Tumeanza.

Turbo: Acheni nimalize! Jogoo wa miguu ya kijani mnamjua. Kabla hajaingia ulingoni mguu wake ni berde, wa kawaida, kama shina la kitunguu. Sasa akishinda, akisimama juu ya mwenzake, damu ikimpanda, mguu unawaka. Ile ndiyo luntian. Haikai muda mrefu. Nimeiona mara mbili.

Jaji: Kwa jogoo wako?

Turbo: Jogoo wangu ndiye alikuwa chini.

Hata Kapitan alicheka, na nikafurahi, kwa sababu tangu mvua zile sikuwa nimemsikia. Kicheko chenyewe kilikuwa kifupi, kama cha mtu aliyepanda ngazi.

Aling Diving: Mimi namkumbuka akisema luntian kanisani. Padri akivaa kijani.

Jaji: Naam! Jumapili zisizo na sikukuu. Nilitaka kusema hivyo.

Aling Diving: Hukutaka kusema lolote. Alizipenda zile Jumapili. Aliniambia, Diving, Krismasi na Pasaka ni za wenye watu. Hizi za kijani ni zetu.

Kapitan: Alisema hivyo?

Aling Diving: Alisema zamani, Kapitan. Watoto walipoondoka.

Kapitan: Nilikuwa baharini.

Aling Diving: Najua ulikuwa baharini. Ndiyo maana nasema alisema.

Kapitan alishika kikombe kwa mikono miwili. Mikono ile bado ina mafuta ya mashine ndani ya ngozi, hayatoki kwa sabuni wala kwa kustaafu.

Kapitan: Mnajua kijani ninachokijua mimi? Sakafu ya chumba cha injini. Tanga, wewe ulikuwa melini, waambie.

Mimi: Kweli. Kila meli niliyopanda, sakafu ya injini ni kijani.

Kapitan: Kijani cha kuonyesha mafuta yakivuja. Nimekitazama hicho kuliko nilivyomtazama yeye. Nikija likizo nilikuwa mgeni, nachinjiwa kuku. Nikistaafu nitamjua, nikajiambia. Nikastaafu, akaanza kuugua. Tulikuwa tunazungumza dawa, dawa, dawa. Neno moja lake mwenyewe ameniambia, nalo silijui.

Hapo Jaji aliona mambo yanakuwa mazito, akapuliza filimbi yake kidogo, kama desturi yake anapotaka kubadilisha mada.

Jaji: Nitawaambia ukweli ambao shule hawataki muujue. Luntian ilikuwepo kabla ya Wahispania. Walipofika wakaikuta, wakaipenda, wakaipakia merikebuni. Wakatuachia berde badala yake, ambayo ni neno lao na rangi yao, rangi ya mitumba. Luntian halisi iko Madrid, kwenye jumba, imefungiwa.

Chona: Na dhahabu yetu je?

Jaji: Dhahabu ilikuwa nyongeza. Ndiyo maana wahenga wakasema, mchimba kisima huingia mwenyewe.

Turbo: Nani kaingia kisimani?

Jaji: Mhispania.

Turbo: Uongo. Luntian ilikuwa hapahapa, ndani ya volkano yetu ya jirani. Lile ziwa la katikati, la kule kileleni, mnalikumbuka maji yake? Volkano ilipotema, ziwa likakauka lote kwa siku moja. Sasa jiulizeni, rangi ilikwenda wapi? Ilipanda angani. Yale majivu yaliyotuangukia kwenye mabati ilikuwa ni luntian imeungua.

Chona: Kwa hiyo niliifagia?

Turbo: Tuliifagia sote. Tukaipeleka shimoni.

Kapitan: Yale majivu yalikuwa kijivu, Turbo.

Turbo: Nimesema imeungua!

Waliendelea. Jaji akaongeza kwamba macho ya mwanamume hayana mshipa wa kuiona luntian, ndiyo maana sisi tunauliza na wanawake hawaulizi. Chona akamwuliza macho yake yeye yapo upande gani, Jaji akasema hilo litahitaji kikao. Turbo akataka kujua kama jogoo anaiona. Ubao ulizungushwa, ukapindukia, ukashikwa mpaka rangi ya hospitali ikaingia kwenye ya jeshi, na kila mmoja alinyooshea kidole mstari tofauti kwa uhakika uleule. Nilimwona Kapitan anageuza kichwa kutoka kwa huyu kwenda kwa huyu, anawasikiliza kweli, na roho iliniuma. Ni aibu kumwona mtu mzima ana njaa ya jibu kiasi cha kulitafuta kwetu.

Mwisho wakanigeukia.

Jaji: Na wewe Bwege, umekaa tu. Kwenu kijani mnakiitaje?

Mimi: Kijani. Maana yake cha jani.

Jaji: Basi? Hamna nyingine ya kabatini?

Mimi: Ipo. Chanikiwiti.

Walicheka mpaka Aling Diving akamwaga kahawa. Chaniki-nini? Jaji alijaribu kulisema akajing'ata. Chona akasema hilo si jina la rangi, ni jina la ngoma ya harusi.

Kapitan: Nani analisema hilo?

Yeye peke yake hakuwa amecheka.

Mimi: Siku hizi hakuna. Bibi yangu ndiye alilisema. Alikuwa na kanga, akiitaka anasema, nipe ile ya chanikiwiti.

Kapitan: Ilikuwa kijani kipi?

Nilifungua mdomo nikanyoosha kidole kuelekea ubaoni, kidole kikabaki hewani. Kanga ile niliikuta imeshachuja. Ilikuwa na rangi ya maji ya kuoshea vyombo tangu napata akili, na bibi aliendelea kuiita chanikiwiti, na sisi tulikuwa tunampa bila kuuliza.

Mimi: Sijui, Kapitan.

Kapitan: Umeona.

Akanipigapiga goti. Nilijisikia mpweke ghafla, niko mbali na kila mtu ninayemjua, na kahawa ikawa chungu kuliko kawaida yake.

Hapo ndipo akaja Jovelyn, ameshika chupa tupu ya siki. Huyu ameolewa na mpwa wa Turbo juzijuzi, ametoka kisiwa cha Panay, na Kitagalogi chake bado anakitembelea kwa uangalifu kama mtu aliyevaa viatu vipya. Alikuwa hajawahi kusimama kijiweni. Aliinamisha kichwa kutusalimia, mmoja mmoja, na Jaji akasimama na rungu lake.

Jaji: Mgeni njoo, mwenyeji apone!

Turbo: Leo umepatia, Jaji. Ya kwanza tangu nikujue.

Jaji: Zote napatia. Nyinyi ndio mnachelewa.

Jovelyn: Siki, mama, kama ipo.

Aling Diving akaichukua chupa, akaenda nyuma kujaza. Jovelyn akabaki amesimama, na kwa kuwa ubao ulikuwa mbele yake, akautazama. Turbo akamweleza mkwewe kwa haraka, habari yote, kaburi, Choleng, si berde, luntian. Akachanganya na ya jogoo. Jovelyn alisikiliza mpaka mwisho.

Jovelyn: Samahani, wazee wangu. Mimi lugha yenu ya ndani siijui. Naomba niulize tu.

Kapitan: Uliza, mwanangu.

Jovelyn: Aliposema hiyo luntian, alikuwa anatazama nini?

Kapitan alikunja uso, si kwa hasira.

Kapitan: Alikuwa kitandani.

Jovelyn: Ndiyo, mzee.

Kapitan: Alikuwa anatazama dirishani. Aliniomba kitanda nikigeuze, kitazame dirisha. Niliona ni usumbufu kwa mgonjwa, lakini nikakigeuza.

Jovelyn: Na dirishani kulikuwa na nini?

Tukageuza vichwa wote, maana dirisha liko hapo hapo ng'ambo ya barabara. Mbele yake lipo zege. Juu ya zege ipo pikipiki ya Turbo.

Chona: Kulikuwa na mti.

Jaji: Ee. Kulikuwa na mti.

Mti ule tuliukata kwa ajili ya matanga. Nasema tuliukata, ingawa mimi nilikuta hema limeshasimama. Mwili wa Aling Choleng ulilazwa nyumbani kama ilivyo desturi, watu walikuja kukesha naye siku baada ya siku, na hema la mtaa lilikuwa pana, halikuingia kwenye kile kiwanja. Mti ukawa umesimama mahali pa nguzo. Halafu mvua ikafanya matope, meza za karata zikayumba, na karata za msibani, kila mchezo ukimkatia mfiwa chake, ndizo zinazomsaidia kulipa jeneza, kwa hiyo ikamwagwa kokoto, na juu ya kokoto zege.

Jovelyn: Ulikuwa mti gani?

Turbo: Mbilimbi.

Jaji: Mpera, bwana. Mbilimbi ulikuwa kwa marehemu Osong.

Turbo: Mimi ndiye niliyeukata, Jaji!

Jaji: Kwa panga langu!

Chona: Ulikuwa mstafeli. Majani mapana, yanang'aa. Au yale yalikuwa... Diving! Njoo huku. Mti wa Choleng ulikuwa mti gani?

Aling Diving alirudi na chupa ya siki akasimama nayo ndani ya nondo.

Aling Diving: Ule aliokuwa anaumwagia maji ya kuoshea mchele?

Chona: Huo huo.

Aling Diving: Kila asubuhi namsikia. Mwaa! Najua Choleng ameamka. Nakoka moto wa kahawa.

Jaji: Tunauliza mti gani.

Aling Diving: Mimi nilikuwa namsikia tu. Nipo huku ndani. Nyinyi ndio mliokuwa mnautazama.

Na ni kweli. Benchi hili halijawahi kuhamishwa. Miaka yote hiyo tumekaa hapa tumeuelekezea nyuso mti ule, tukigombana juu ya jogoo, volkano na Madrid. Turbo alianza kusema kitu kuhusu magome, akaacha. Jaji alishika filimbi, hakuipuliza.

Kapitan: Mimi ndiye niliyewaambia ukateni.

Chona: Ulikuwa msibani, Kapitan. Mtu msibani anasema chochote.

Kapitan: Turbo aliniuliza, nikasema kateni, ni kichaka tu. Choleng alikuwa ndani, amelala, dirisha liko wazi.

Aligeuka kutazama zege.

Kapitan: Ulikuwa unatoa maua?

Alituuliza sisi. Alimtazama kila mmoja kwa zamu, taratibu, na kila mmoja alipofikiwa alitazama kikombe chake. Nilitafuta kichwani mwangu ua lolote, la rangi yoyote, kwa shauku ya kumpa. Sikulipata.

Kapitan: Diving, niongezee kidogo.

Aling Diving aliinamisha birika. Yakatoka machicha meusi, yakakaa chini ya kikombe.

Aling Diving: Imeisha, Kapitan. Nikuchemshie nyingine?

Kapitan: Usijisumbue.

Akainuka, akavuka barabara. Ubao wake aliuacha benchini. Alipopita kwenye zege alipunguza mwendo, akatazama chini, akazunguka pembeni kama mtu anayekwepa kukanyaga mkeka wa watu, akaingia ndani. Turbo akaweka sahani yake chini. Alikwenda akaisukuma pikipiki yake mpaka ikatoka yote juu ya zege, akaiacha barabarani, inazuia njia, akarudi benchini. Ilipokuwa imesimama palibaki doa la mafuta.

Jovelyn: Mama, nimeuliza vibaya?

Aling Diving: Hapana, mwanangu. Chukua siki yako.

Dirisha la Kapitan lilifunguliwa. Tuliona mikono yake ikisukuma vibao, halafu tukamwona anakaa kitandani, upande ule ambao haukuwa wake. Alijilaza polepole kama mtu anayejilaza kwenye nyumba ya wageni, na kichwa chake kikashuka mpaka pale mto wa Aling Choleng ulipokuwa, uso kwetu. Sasa hapakuwa na jani hata moja kati yake na sisi. Kulikuwa na barabara, nondo za duka, ubao wa rangi, na wazee wanne kwenye benchi wameshika vikombe vitupu.

Chona ndiye wa kwanza kuondoka, akisema ana kichwa cha mtu kinamsubiri. Turbo akafuata, kisha Jaji, bila methali. Mimi nilibaki kidogo. Halafu na mimi nikaona niondoke, nisije nikawa ndicho anachokitazama.